Kebo Iliyosema Kompyuta Imekufa

Siku yangu ya mwisho gereji, vijana walipomaliza kunipigia makofi na kunilisha pilau, mmoja wao alisema Mama Akello asiondoke na mambo yote kichwani, aache mengine hapa. Nimekubali kuandika kwa sababu asubuhi zangu sasa ni ndefu, na bustani ya mchicha haimhitaji mtu kutwa nzima.

Kuhusu vyeo sina la kusema. Gereji yetu chini ya kilima cha Kibuli, Kampala, ilikuwa na bosi mmoja, Hajji Swaibu, na sisi wengine wote tulikuwa cheo kimoja: watu wenye mafuta mikononi. Mshahara pia nauacha. Aliyekuwapo anaujua, na asiyekuwapo hataamini.

Nilifika pale muda si mrefu baada ya vita vilivyokwisha mwaka 1986. Baba yangu alikuwa polisi, mtu wa kaskazini, na serikali ilipobadilika alikuwa miongoni mwa walioachishwa kazi. Tukatoka kambi ya polisi na magodoro yetu, tukapanga chumba Kibuli ambako hatukumjua mtu. Mimi ndiye niliyekuwa mkubwa. Nilizunguka nikitafuta kazi ya kufua au kupika, na Hajji akanipa ya kuosha vyuma vya injini kwa petroli. Nadhani alitegemea ningeondoka kabla ya mwezi kwisha, kwa sababu hata aproni hakunitafutia.

Shida yetu ya kwanza ilikuwa lugha. Mimi nililelewa kambini, ndani Kiacholi na nje ya mlango Kiswahili, na Kiganda changu kilitosha kununulia ndizi tu. Hajji alikielewa Kiswahili vizuri sana lakini nikimsemesha aligeuza uso. Siku moja nikamwuliza kama nimemkosea. Akanionyesha mkono wake wa kushoto, mtupu.

"Wanajeshi walinivua saa kwenye kizuizi cha barabarani," alisema. "Saa ya marehemu baba yangu. Walikuwa wanaongea hii lugha yako."

 Niliendelea kuitumia kwa sauti ya chini, kwa kuwa sikuwa na nyingine, na kwa kusikia kila siku maneno kama spana, nati na tafadhali, sikio lake likazoea kwamba lugha ile inaweza pia kuomba. Mwisho wake yeye mwenyewe akawa anaita kutoka uani, "Akello, leta ile gali ya bwana!" gari likiwa gali mdomoni mwake kama kwa Waganda wengi, na wateja Wakenya wakacheka.

Umeme wa magari alinifundisha yeye, kwa taa ya kupimia. Ninyi wengine hamjaiona. Ilikuwa balbu ndogo yenye waya upande mmoja na sindano upande mwingine. Unachoma waya wa gari kwa sindano, taa ikiwaka umeme upo, isipowaka haupo, na mabishano yamekwisha. Kwa miaka mingi nilitengeneza karibu kila kitu kwa balbu ile, na ilipoungua nilinunua nyingine sokoni nikaendelea.

Mwalimu wangu wa pili alitoka Kongo. Aliitwa Kambale, na alikuja Kampala akikimbia vita vya kwao upande wa mashariki, yeye na mkewe na redio moja. Kwao alikuwa fundi wa mitambo ya redio ya parokia. Kampala akawa fundi wa redio za kila mtu, kwenye baraza jembamba nyuma ya soko la Owino, kati ya muuza viatu vya mitumba na mama wa maharage. Hajji alikuwa ananituma kwake na redio za magari, nami nikawa nachelewa kurudi makusudi ili nimwangalie anavyofanya kazi.

Yeye ndiye aliyenifundisha kulehemu kwa risasi. Mimi mtoto wa kambini nilijua maana nyingine ya neno risasi, na mwanzoni kila aliposema "ongeza risasi" mabega yangu yalipanda yenyewe. Yake ilikuwa waya laini wa rangi ya fedha, unaoyeyuka kwenye ncha ya chuma cha moto na kutoa harufu kama ya utomvu. Nilikuwa nabandika matone makubwa, yakang'aa vizuri na baada ya wiki yakabanduka.

"Mama Akello, uko na haraka ya bure," aliniambia kwa Kiswahili chake cha Kongo. "Acha moto iingie ndani ya waya kwanza. Risasi itakuja yenyewe."

Alifanya kazi huku akiimba nyimbo za kanisani kwa sauti ya kujisemea. Akinyamaza, ulijua amefika kwenye tatizo.

Halafu magari yakabadilika. Yale yaliyokuja kutoka Japani yalikuwa na kompyuta ya injini, sanduku dogo la bati lililofichwa chini ya dashibodi, na taa yangu haikuweza kuuliza sanduku hilo kitu. Hajji alijinyima, akanunua laptopu iliyotumika na kebo ya kupimia magari. Kebo yenyewe ilikuwa na kikasha cheusi katikati. Upande mmoja waya uliingia kwenye laptopu, upande wa pili ulikwenda kwenye kichwa chenye pini kumi na sita, na kichwa hicho unakichomeka chini ya usukani. Ukiwasha, gari linakuandikia linaumwa wapi. Siku ya kwanza tulisimama nyuma ya Hajji kama watu wanaoangalia mpira. Baada ya hapo kila mteja alitaka gari lake liunganishwe, hata aliyekuja kuziba pancha.

Tuliiamini mno kebo ile, na hapo ndipo yaliponikuta mambo ninayotaka kuyasimulia kuliko mengine yote.

Tulikuwa na mteja, shule ndogo upande wa Lubaga. Mwenye shule alikuwa Madam Nabirye, mjane aliyeianzisha ndani ya nyumba aliyoachiwa na mumewe. Gari la watoto, kigari cha abiria cha zamani, liliendeshwa na Mzee Lutaaya, mtu mpole mwenye mvi, ambaye hakuwahi kutuletea gari likiwa chafu. Wajukuu wake wawili walisoma pale pale, na jioni gari lililala nyumbani kwake ili asubuhi aanze mapema kuwazungukia watoto.

Ijumaa moja gari lilizima mlimani likiwa limejaa watoto. Mzee aliwashusha, akawapanga wakashikana mikono, akawapeleka shuleni kwa miguu. Gari likavutwa mpaka kwetu. Hajji akachomeka kebo, kompyuta ya injini haikujibu. Akarudia. Haikujibu. Kwa kuwa alikuwa mwangalifu, aliichomeka kwenye gari jipya la mteja mwingine, na lile likajibu mara moja. Basi kebo ilikuwa nzima, na kompyuta ya gari la shule ilikuwa imekufa.

Madam alipopiga simu, Hajji alimweleza hivyo. Madam akauliza kompyuta inakufaje. Hajji akasema kweli tupu, kwamba kufa ni nadra, lakini siku hizo kulikuwa na watu wanaochomoa kompyuta nzima, wanaiuza, na kuweka mbovu inayokaribia kufa mahali pake. Alisema hivyo kama mtu anayeeleza mambo ya mjini. Madam hakuyasikia hivyo. Mwaka uliotangulia mlinzi aliyemwamini alikuwa ameondoka na jenereta ya shule, na sasa alijiuliza gari lake linalala kwa nani. Jioni ile ile, uani pa shule, mbele ya walimu na watoto waliokuwa hawajachukuliwa, alimpokonya Mzee Lutaaya funguo za akiba za gari na kumwambia kompyuta irudi kufikia Jumatatu, la sivyo angempeleka polisi.

Hayo niliyapata Jumamosi asubuhi kutoka kwa mzee mwenyewe. Alikuja gereji na shati jeupe lililopigwa pasi. Nilifikiri amekuja kumsihi Hajji, lakini hakumwuliza hata yuko wapi. Aliomba kitambaa, akaingia ndani ya gari, akaanza kufuta viti vya watoto.

"Mzee, acha, tutafuta sisi," nilimwambia.

"Niache nifute," alisema. "Wajukuu wangu walikuwepo, Akello. Walisimama pale wakisikia babu yao anaitwa mwizi. Usiku mdogo aliniuliza kama ni kweli."

Nikamwuliza alimjibu nini. Alisema alimjibu hapana, na mtoto akakubali haraka kuliko babu alivyotaka, kama mtu anayeogopa kuendelea kuuliza. Akamaliza viti, akakunja kitambaa, akaenda zake. Baba yangu alipoachishwa kazi naye aliitwa majina ambayo hayakuwa yake, na ninakumbuka tulivyokuwa tunakubali haraka kila alilosema. Siku ile nilifunga nati moja mara mbili bila kujua.

Mchana likaja gari la mikate, la zamani nalo, lenye umri mmoja na la shule. Mwenyewe alikuwa anasumbuliwa na taa ya dashibodi iliyokataa kuzimika. Sikumwambia azime injini, nikachomeka kebo hivyo hivyo. Laptopu ikatafuta, ikatafuta, ikaandika kwamba hakuna kompyuta inayojibu.

Nikamwita Hajji.

"Hajji, kompyuta ya gari hili imekufa."

Alisoma kwenye laptopu. Kisha akaweka kiganja chake juu ya boneti, akakiacha pale. "Lakini linanguruma," alisema.

"Ndiyo."

"Akello, jana ililisoma lile gari jipya."

"Jipya, ndiyo. Hili ni la zamani. Na lile la shule ni la zamani."

Hajji alikaa kwenye tairi. Hakuwa mtu wa kubisha na kitu kinachonguruma mbele yake. Mambo yalikuwa hivi, na vijana wapya naomba myashike. Magari mapya huongea na kebo kupitia pini ya sita na ya kumi na nne. Mengi ya zamani huongea kupitia pini moja tu, ya saba. Waya wa pini ya saba ukikatika, kebo itayasoma mapya yote bila shida na kuyatangazia yote ya zamani kwamba yamekufa.

Nilichukua mita ya umeme, nikaiweka kwenye mlio, ambapo hulia waya ukiwa mzima. Pini ya nne, ikalia. Ya sita, ikalia. Ya kumi na nne, ya kumi na sita, zikalia. Ya saba, kimya. Nikaukunja waya shingoni, pale unapoingia kwenye kichwa, ikalia kidogo kisha ikanyamaza tena. Pale ndipo sote tulipokuwa tunaishika kila siku tukiichomoa kwa kuvuta waya badala ya kushika kichwa.

Ilibaki kuifungua, na Hajji hakupenda. Kichwa kilikuwa kimegandishwa kwa gundi, bila skrubu hata moja, na kebo tulikuwa nayo hiyo hiyo. Tungekipasua vibaya, Jumatatu tungekuwa hatuna la kusema kabisa, wala la kumhukumu mzee wala la kumwokoa. Alienda kuswali alasiri, akarudi na uamuzi.

"Fungua," alisema. "Ikifa, tutarudi kwenye taa."

Nilipasha moto kisu chembamba nikapita nacho taratibu kwenye mshono mpaka kichwa kikaachana vipande viwili. Ndani, waya wa pini ya saba ulikuwa umekatika, na nyuzi zake chache zilizochomoza zilikuwa zimegusa waya wa betri. Nikakata mahali palipochoka, nikamenya, nikauvalisha mpira mwembamba wa kubana, nikaacha moto uingie kwanza, nikatia risasi. Mita ikalia kwa pini zote. Tukarudi kwenye gari la mikate, ambalo mwenyewe alituachia kwa kuwa Jumapili haoki. Tukawasha.

Hakuna kompyuta inayojibu.

Hajji alisema nimejitahidi, na akaenda kufunga geti. Najua alisema kwa wema, lakini ni maneno magumu kubeba hadi nyumbani.

Jumapili asubuhi nilisimama nje ya kanisa la Wakongo nikiwa na kebo ndani ya mfuko wa plastiki, nikasubiri watoke. Papa Kambale, kama Wakongo wanavyomwita kila baba wa heshima, alitoka na suti na Biblia. Hakuwahi kufanya kazi siku ya ibada, hilo Owino nzima ilijua.

"Mama Akello, leo ni siku ya Bwana," alisema alipouona mfuko.

"Najua, Papa. Kesho kuna mzee anapelekwa polisi kwa sababu ya kitu hiki."

Nikamsimulia njiani, kwa maana alikuwa ameshaanza kutembea. Barazani alivua koti, akalikunja ndani nje, akampa mkewe alishike pamoja na Biblia. Akaifungua kebo, akautazama muungano wangu kwa lenzi, akasema ni mzuri. Halafu akafungua kikasha cha katikati, ambacho mimi sikuthubutu kukigusa. Alikuwa anaimba polepole. Akaacha kuimba.

Kulikuwa na transista, kipande kidogo kuliko punje ya mchele, chenye miguu mitatu, na mgongo wake ulikuwa umetoboka. Zile nyuzi zilizogusa waya wa betri ziliupeleka umeme wote kwenye pini ya saba, na kidude hicho ndicho kilichoupokea. Mimi niliunga barabara, lakini daraja lilikuwa limeungua mbele zaidi. Papa Kambale alichimba kwenye kopo lake la mitambo iliyokufa, akatoa transista inayofanana, akaipima, akaitupa, akatoa nyingine. Ilipokaa mahali pake alisema, "Sasa iende ijaribu," akavaa koti lake. Nikamwuliza nimpe nini. Akasema nimletee habari.

Mchana ule Hajji alinifungulia gereji. Gari la mikate lilijibu mara ya kwanza. Tukahamisha kebo kwenye gari la shule, na kompyuta ambayo tuliitangaza imekufa ikaamka na kutuambia haipati habari kutoka kwenye sensa, kidude kinachohisi mzunguko wa injini. Nikalala chini ya gari kwa tochi. Waya wa sensa ulikuwa umetafunwa na panya. Kigari kinachobeba watoto kina makombo ya mandazi kila pembe, na panya akishamaliza makombo hujaribu vingine. Niliunga waya ule, Hajji akageuza ufunguo, gari likawaka.

"Subhanallah," alisema, na akaliacha linanguruma muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

Jumatatu tulilipeleka wenyewe, yeye akiendesha, mimi pembeni na kebo mapajani. Mzee Lutaaya tulimkuta kwenye benchi nje ya ofisi ya Madam. Miguuni pake kulikuwa na mfuko, na ndani ya mfuko niliona blanketi. Mimi mtoto wa polisi nilijua maana ya mtu kuja asubuhi na blanketi lake. Alilitazama gari likiingia getini kwa nguvu zake lenyewe, akasimama.

Tuliingia naye ofisini, wakaongea Kiganda, nami naandika nilivyoelewa. Hajji alieleza yote, kebo, transista, panya, bila kujipunguzia lawama. Madam alisikiliza akiwa ameshika ukingo wa meza.

"Mimi nilisema mbele ya watu," alisema mwishowe.

"Na mimi ndiye niliyekupa la kusema," Hajji akamjibu. "Mzee, tutafanya nini?"

Mzee Lutaaya alifikiri. Alisema msamaha wa ofisini anaushukuru, lakini wajukuu wake hawakusikia maneno yale ofisini.

Basi kengele ikapigwa, watoto wakapangwa uani. Hajji, mtu mzima mwenye kanzu, alisimama mbele yao akainua kebo juu. Akawaambia hiki ndicho kilichosema uongo, wala si mzee wenu, na yeye Hajji alikiamini kuliko alivyomwamini mtu. Watoto wadogo wakaicheka kebo. Walimu hawakucheka. Kisha Madam Nabirye akatoka mstarini na kupiga magoti mbele ya dereva wake, kwenye vumbi, kama wanawake wa Buganda wanavyowapigia wazee, ingawa siku ile haikuwa salamu.

Nilimwona mzee akitafuta la kufanya na mikono yake. "Simama, Madam," alisema. "Watoto wanachelewa darasani."

Mjukuu wake mdogo alitoka kwenye mstari bila ruhusa, akaja akamshika kidole. Hakuna mwalimu aliyemrudisha.

Tangu wiki ile, kabla ya kazi kuanza, kebo yetu huchomekwa kwanza kwenye gari jipya na kwenye gari la zamani, yote mawili yakiwa yanawaka. Mmeikuta desturi hiyo na najua mnaiona ya kizee. Hata simu zenu zinazosoma gari bila waya zipitisheni hapo. Na kichwa kishikwe kwa kichwa, si kwa waya.

Papa Kambale nilimpelekea habari kama alivyotaka. Alinifanya nirudie pale penye blanketi, akamwita mkewe asikie.

Mzee Lutaaya aliliendesha gari lile mpaka likachoka kabisa. Kila alipolileta gereji alisimama dirishani nikichomeka, akaniuliza kebo imeamkaje leo, nami nikamjibu haijambo. Tulicheka wote. Alimheshimu Madam, na Madam alimpa tena ruhusa ya kulala na gari kwake, hata akamwomba. Hakukubali. Kila jioni aliliegesha shuleni chini ya dirisha la ofisi, akalizunguka akijaribu milango, akampa mlinzi funguo mbele ya mtu mwingine yeyote aliyekuwepo, kisha akapanda kilima cha Lubaga kwa miguu na wajukuu wake wawili, mmoja kila upande.